Kitufe cha Kuhakiki na Maradhi Kisiyoyaona

Kati ya 2023 na 2024, wachezaji wengi wenye kompyuta za bei ya juu walikumbwa na balaa lisiloeleweka. Gemu zilizojengwa kwa Unreal Engine zilijifunga ghafla, mara nyingi pale zinapofunguka na kuandaa michoro, na ujumbe kwenye kioo ulidai kwamba kumbukumbu ya kadi ya michoro imejaa. Baadhi ya waathirika walikuwa na kadi ya RTX 4090 yenye kumbukumbu ya GB 24, nafasi ambayo gemu za wakati huo hazikukaribia kuijaza. Wakafanya kile kila mchezaji hufundishwa kukifanya kwanza: wakafungua lancha, yaani programu ya kununulia, kupakulia na kufungulia gemu, wakabonyeza kitufe cha kuhakiki faili, wakasubiri. Jibu likaja kwamba faili zote ni nzima. Gemu ikafunguliwa, ikajifunga tena. Wengine wakaifuta yote na kuipakua upya. Haikusaidia.

Ugonjwa haukuwa kwenye gemu wala kwenye kadi. Ulikuwa ndani ya prosesa za Intel Core za kizazi cha 13 na cha 14, hasa zile za daraja la juu. Kabla data ya gemu haijatumika, hukunjuliwa kutoka katika hali ya kubanwa, na prosesa iliyochoka ilikuwa ikikosea hesabu katika kazi hiyo. Julai 2024 Intel ilieleza kwamba maikrokodi, maelekezo ya ndani kabisa ya prosesa, yalikuwa yakiiombea chipu volteji ya juu kupita inavyostahimili. Agosti likatoka sasisho 0x129, Septemba likafuata 0x12B, na dhamana ikarefushwa kwa miaka 2. Masasisho hayo huzuia madhara mapya, lakini chipu iliyokwisha kuharibika haiponi.

Nimeanza na kisa hiki kwa sababu kinaonyesha kosa tunalolifanya kila siku kwa kiwango kidogo. Tumekigeuza kitufe cha kuhakiki kuwa dawa ya kila maradhi, ilhali ni kipimo kinachojibu swali moja tu: je, faili zilizomo kwenye diski yako ni zilezile alizozituma mchapishaji? Swali hilo lina thamani kubwa, na kitufe hulijibu kwa uhakika wa ajabu. Tatizo huanza tunapochukua jibu lake na kulibandika kwenye maswali mengine.

Karani na orodha ya shehena

Kitufe hiki kina majina tofauti kutegemea duka. Steam na Epic Games huzungumzia kuhakiki, EA app kukarabati, Battle.net kukagua na kukarabati. Kwenye Steam unabofya jina la gemu kwa kitufe cha kulia cha kipanya, unaingia kwenye sifa zake, kisha kwenye sehemu ya faili zilizosakinishwa. Kwenye Epic unapitia vitone vitatu vilivyo kando ya jina la gemu. Kwenye Battle.net unafuata alama ya gia iliyo jirani na kitufe cha kuchezea. Njia ni nyingi, kazi ni moja.

Tuichukue Steam, ambayo Valve ya Marekani iliizindua Septemba 2003 ili isambaze masasisho ya gemu zake kama Counter-Strike, na ambayo Novemba 2004 ikawa ya lazima kwa kila aliyetaka kucheza Half-Life 2. Mchapishaji anapopeleka gemu yake huko, kila faili hukatwa vipande vya takriban MB 1. Kila kipande hupigiwa hesabu iitwayo heshi. Ile ya aina ya SHA-1 hutoa mfuatano wa herufi na tarakimu 40. Badilisha biti moja tu ndani ya kipande, na mfuatano unaotoka haufanani hata kidogo na wa mwanzo. Heshi hizo, pamoja na majina na ukubwa wa faili, huandikwa kwenye orodha. Ukibonyeza kuhakiki, lancha husoma faili zako kutoka kwenye diski, huzipigia hesabu upya na kulinganisha na orodha. Kipande kisicholingana hupakuliwa upya, vilivyobaki haviguswi.

Ni kazi ya karani wa bandarini anayesimama kando ya meli na orodha ya shehena mkononi. Anaweza kukuthibitishia kwamba magunia 400 yaliyopakiwa yamefika 400, na hakuna lililotoboka njiani. Hajui kama mchele wenyewe ulikuwa na mawe tangu ulikotoka. Hajui kama ghala lako linavuja. Na mzigo ulioupakia wewe mwenyewe kwa mlango wa nyuma haumo kwenye orodha yake, hivyo anaupita bila kuutazama.

Pale kitufe kinapostahili sifa

Faili huharibika kwa njia za kawaida kabisa, na ya kwanza sote tunaifahamu: umeme kukatika. Windows haiandiki kila kitu kwenye diski papo hapo. Sehemu ya data hukaa kwanza kwenye kumbukumbu ikisubiri zamu. Mfumo wa NTFS unaotumiwa na Windows una daftari la kumbukumbu linaloulinda mpangilio wa diski, yaani majina, ukubwa na mahali pa faili, lakini haulindi kwa namna hiyo yaliyomo ndani ya faili. Ndiyo maana baada ya umeme kurudi unaweza kukuta faili ina jina sahihi na ukubwa sahihi, kumbe ndani imejaa sifuri tupu. Kwa macho huwezi kuligundua hilo. Heshi huligundua mara moja. Diski za nje zilizofomatiwa kwa exFAT hazina hata hilo daftari, na kebo ikichomoka gemu inapojisasisha, madhara huwa makubwa zaidi.

Njia ya pili ni antivairasi. Gemu nyingi huja na ulinzi dhidi ya nakala za wizi au dhidi ya udanganyifu mtandaoni, na ulinzi huo hufanya mambo yanayofanana na ya virusi: hujificha, husoma kumbukumbu za programu nyingine, huzuia kuchunguzwa. Antivairasi inaweza kuinyakua faili moja na kuitia karantini. Kitufe kitairudisha, nayo itanyakuliwa tena. Hapo tiba ni kuisamehe folda ya gemu kwenye mipangilio ya antivairasi, kisha kuhakiki, kwa sharti kwamba gemu imetoka duka halali.

Njia ya tatu ni diski inayokufa polepole. Sehemu zake zilizochakaa hushindwa kusomeka, na faili iliyokuwa nzima jana leo haifunguki. Kitufe kitapakua kipande kipya na huenda kikaandikwa mahali pazuri zaidi, gemu ikachezeka. Lakini ukijikuta unahakiki gemu hiyohiyo kila wiki, acha kuishughulikia gemu. Nakili kwanza vitu vyako vya thamani, kisha tazama hali ya diski kwa programu inayosoma ripoti yake ya SMART, kama CrystalDiskInfo.

Jambo moja huwatisha watu bure. Steam inaweza kumaliza kuhakiki na kusema kwamba faili moja au mbili hazikulingana, na ikarudia kauli hiyo kila unapojaribu. Mara nyingi hizo ni faili za mipangilio ambazo gemu yenyewe huzibadilisha kila inapofunguliwa. Steam yenyewe hueleza kwamba hali hiyo ni ya kawaida.

Mizigo isiyomo kwenye orodha

Wa kwanza kuachwa nje ni ule unaouma zaidi ukipotea: sevu, yaani rekodi ya ulipofika kwenye gemu. Mchapishaji hawezi kuwa na heshi ya safari yako, kwa hiyo lancha haina cha kuilinganisha nacho. Cyberpunk 2077 ilipotoka Desemba 2020, wachezaji wa kompyuta waligundua kwamba sevu ikizidi MB 8 huharibika na haifunguki tena. Waliokusanya vitu vingi mno ndani ya gemu ndio walioumia. CD Projekt Red iliondoa kikomo hicho mwezi huohuo kwa sasisho la 1.06, ila sevu zilizokwisha kuharibika hazikurudi. Faili za gemu zilikuwa nzima muda wote. Aliyehakiki mara kumi aliambiwa ukweli mara kumi, na ukweli huo haukumsaidia.

Wengi hujifariji kwamba sevu zao zimo kwenye wingu la lancha. Wingu hunakili ulicho nacho, na sevu ikiharibika nalo linaweza kuupokea uharibifu huo na kuufuta uzima uliokuwepo. Sevu salama ni ile uliyoinakili mwenyewe kwenye flashi na kuiandikia tarehe. Gemu nyingi huzificha ndani ya Documents, Saved Games au AppData, wala si kwenye folda ya gemu, na ukubwa wake ni mdogo mno ukilinganisha na gemu yenyewe.

Wa pili ni modi, yale marekebisho ya mashabiki yanayoongeza magari, mavazi au michoro mizuri. Hapa kitufe hufanya jambo la nusunusu. Modi ikiwa imebadilisha faili ya asili, kuhakiki kutairudisha ya asili na modi itatoweka. Ikiwa imeongeza faili mpya, kama dxgi.dll inayowekwa na programu za kupamba michoro, lancha huiacha palepale kwa kuwa haimo kwenye orodha. Mchezaji anaapa kwamba ameondoa modi zote na amehakiki, kumbe mgeni bado yuko sebuleni. Anayetaka uhakika anakili sevu zake, anaiondoa gemu, anafungua folda yake na kufuta kwa mkono kila kilichobaki, ndipo anasakinisha upya.

Wa tatu ni vitu vya Windows ambavyo gemu huvitegemea bila kuvimiliki. Ujumbe kwamba VCRUNTIME140.dll au MSVCP140.dll haipo una maana ya maktaba za Microsoft Visual C++ kukosekana au kuvurugika. Zinapatikana bure kwa Microsoft, na mara nyingi kifurushi chake kimo pia ndani ya folda ya gemu. Kuitafuta faili hiyo moja kwenye tovuti zinazogawa dll kiholela ni sawa na kuokota vidonge barabarani. Ipo pia kinga ya Windows Defender inayozuia programu isiyoitambua kuandika kwenye Documents; ikiwashwa, gemu inaweza kushindwa kusevu au kujifunga mara tu inapojaribu. Na Novemba 2024 Microsoft ilizuia kwa muda toleo la 24H2 la Windows 11 lisiingie kwenye kompyuta zenye baadhi ya gemu za Ubisoft, zikiwemo Assassin's Creed Valhalla na Star Wars Outlaws, kwa sababu gemu hizo zilikuwa zikikwama. Faili zilikuwa zilezile. Kilichobadilika ni ardhi ambayo zilisimama juu yake.

Gemu iliyozaliwa mgonjwa

Kuna hali ambapo kila kitu kwako kinalingana na orodha, mashine ni nzima, na gemu bado inagoma kwa sababu orodha yenyewe ni ya kitu kibovu. Batman: Arkham Knight ilitoka Juni 2015, na toleo lake la kompyuta lilikuwa bovu kiasi kwamba Warner Bros. ililiondoa sokoni siku chache tu baadaye, likarudi Oktoba. Kwa mnunuzi wa wiki ile ya kwanza, kuhakiki kulikuwa kuthibitisha kwamba ameupokea ubovu wote bila kupungua hata biti moja.

Katika hali hiyo lancha ina msaada mwingine usiohusu kitufe hiki. Steam hurudisha pesa ukiomba ndani ya siku 14 tangu kununua, ukiwa umecheza chini ya saa 2. Ndiyo maana si busara kuziteketeza saa hizo 2 kwa majaribio yasiyo na mpango. Gemu ikigoma tangu dakika ya kwanza, weka saa mbele yako.

Kusoma dalili kabla ya kubonyeza

Mbio za sakafuni huishia ukingoni. Anayehakiki, akafuta, akapakua, akahakiki tena bila kuuliza anatafuta nini hatimaye hugonga ukuta, na njiani huwa amefuta ushahidi. Dalili zenyewe husema mengi.

Gemu isiyofunguka kabisa, au inayolalamika kwamba faili fulani haipo, ndiyo mgonjwa halali wa kitufe. Anza hapo. Inayojifunga mahali palepale kila mara, tuseme unapoingia mji fulani, ina uwezekano wa mambo matatu: faili ya eneo hilo imeharibika, sevu imeharibika, au mchapishaji amekosea. Hakiki, ikishindikana, anza mchezo mpya na ufike papo hapo. Ukipita salama, mtuhumiwa ni sevu.

Inayojifunga ovyo, leo hapa na kesho pale, na gemu nyingine nazo zinafanya hivyo, inaunyoshea kidole mwili wa kompyuta: joto, RAM, prosesa au umeme usiotosha. Ikiwa kioo kinakuwa cheusi kidogo kisha kinarudi na gemu imekufa, shuku kadi ya michoro na draiva yake, kwani Windows huipa kadi sekunde 2 tu za kujibu kabla ya kuizindua upya. Na kompyuta yenyewe ikizima na kuwaka, gemu ni shahidi tu. Tukio la Kernel-Power namba 41 utakalolikuta kwenye kumbukumbu za Windows linasema kwamba mashine ilizimika bila kuaga, halisemi nani aliyeizima.

Kumbukumbu hizo ziko ndani ya Event Viewer, na ni bora kuzitazama kabla ya kugusa chochote. Humo utakuta jina la faili iliyoanguka na namba ya kosa. 0xc0000005 ni programu kugusa eneo la kumbukumbu lisilo lake, kosa pana lenye asili nyingi. 0xc000007b mara nyingi ni maktaba za biti 32 na 64 kuchanganyika, na hilo hukurudisha kwenye Visual C++. Maonyo ya WHEA-Logger hutoka kwa maunzi yenyewe, na ukiyaona mengi, iache gemu kwanza.

Kuna pia namna ya kukitumia kitufe ambayo mafundi wazuri huijua: kukibonyeza mara mbili mfululizo bila kucheza katikati. Ikiwa mara ya kwanza imekutwa faili moja mbovu, ikatengenezwa, na mara ya pili zote ni safi, umepona. Ikiwa mara ya pili zinatajwa faili nyingine kadhaa, na mara ya tatu nyingine tena, basi kompyuta yako haisomi kitu kilekile kwa namna ileile mara mbili. Hapo umepima RAM, diski na prosesa bila kukusudia. Ipime RAM usiku kucha kwa MemTest86, na kama umeiwekea kasi iliyozidi ile ya kawaida kupitia BIOS, irudishe kwanza.

Bei ya kupakua upya

Kwa msomaji wa Dar es Salaam, Mombasa au Bujumbura, tofauti kati ya kuhakiki na kupakua upya hupimwa kwa fedha na kwa siku. Red Dead Redemption 2 na Baldur's Gate 3 kila moja huomba nafasi ya GB 150. Kwa mtandao wa Mbps 10 usiokatika, kupakua GB 150 huchukua zaidi ya saa 33. Kuzihakiki kwenye diski ya kuzunguka inayosoma MB 100 kwa sekunde huchukua kama dakika 25; kwenye SSD ya MB 500 kwa sekunde, dakika 5. Kipande kilichoharibika kikiwa kimoja, bando linalotumika ni dogo kuliko la video fupi ya WhatsApp. Anayekimbilia kufuta gemu nzima analipia magunia 400 ili kubadilisha moja.

Zipo njia nyingine za kupunguza gharama hiyo. Tangu 2023 Steam inaweza kuhamisha gemu kutoka kompyuta moja hadi nyingine kupitia mtandao wa ndani ya nyumba, bila kugusa bando. GOG huruhusu wanunuzi wake kuhifadhi faili za kusakinishia na kuzitumia bila intaneti. Na UPS ndogo inayokupa dakika 10 za kufunga gemu vizuri huokoa faili nyingi kuliko kitufe chochote.

Nakala za wizi zinazouzwa kwa flashi na diski mitaani hazina faida hii. Hazina orodha ya mchapishaji ya kulinganisha nayo, na maelekezo yake huanza kwa kukutaka uzime antivairasi. Zikiharibika, mnunuzi hana njia ya kujua kama ubovu ulitoka kwenye umeme wake, kwa aliyezivunja kinga, au kwa aliyepachika kitu kingine ndani yake.

Ushahidi kwanza

Kwa mafundi wetu wengi wa kompyuta, dawa ya mwisho ni kupiga Windows upya. Kitufe cha kuhakiki kimekuwa ndugu mdogo wa dawa hiyo: kinafanya kazi mara nyingi kiasi cha kutufanya tusiulize ni kwa nini, na kinaposhindwa tunakirudia kwa nguvu zaidi. Lancha zenyewe zina lawama yake. Steam ikimaliza kuhakiki humtajia mchezaji idadi ya faili zilizopotoka, bila kumwambia kwenye dirisha hilo ni zipi. Majina hayo yangemsaidia kutofautisha kati ya faili ya mipangilio, ile inayonyakuliwa na antivairasi, na zile zinazobadilika kila safari.

Waliokumbwa na prosesa za Intel hawakuokolewa na waliorudia kuhakiki. Waliookoa ni wale waliogundua kwamba ujumbe wa kumbukumbu kujaa ulikuwa ukiwatokea watu wenye prosesa za aina moja, na kwamba ukipunguza kasi ya prosesa gemu inatulia. Waliandika namba ya kosa, aina ya mashine na saa ya tukio, wakalinganisha na za wenzao. Kitufe kilikuwa kimewapa kitu kimoja cha kuanzia: gemu haina hatia. Wengi walilisoma jibu hilo kama kushindwa kwa kitufe, ilhali nusu ya uchunguzi ilikuwa imekwisha.